Sura ya Tano: Mti wa Krismasi Katika Nchi ya Miiba

Kila mwaka, Desemba ikishafika katikati, swali moja huzunguka katika nyumba za Wakristo wa Isiolo: mti wa Krismasi tutautoa wapi, na tutaupamba kwa nini? Ukilisikiliza vizuri, swali hilo limebeba jingine ndani yake, ambalo watu huliuliza kwa aibu kidogo. Je, mti usio na nyuzi za kumeta wala mipira ya plastiki, mti uliotundikwa vitu vya porini tu, ni mti wa Krismasi kweli, au ni tangazo kwa wageni kwamba mwaka huu mambo yalikwenda kombo?

Jibu langu ni kwamba ni mti wa Krismasi, tena unastahili jina hilo kuliko ule wa dukani. Lakini jibu hilo lina sharti, na sharti lenyewe ndilo litakalokula kurasa nyingi za sura hii. Neno "asili" siku hizi limekuwa kama chumvi, linanyunyizwa kwenye kila kitu: sabuni ya asili, dawa ya asili, mapambo ya asili. Mtu anaweza kuangusha mti wa miaka thelathini, akaukokota hadi sebuleni, akasema amepamba kiasili. Hajasema uongo. Ila hajasema lolote la maana pia.

Mapambo yaliyoliwa

Tuanze na wenye desturi. Mti wa Krismasi ulianzia katika nchi za Wajerumani, na mojawapo ya maelezo ya zamani yanayotajwa sana ni ya mji wa Strasbourg, mwaka 1605. Huko watu walisimamisha miti sebuleni wakaitundika matufaha, kaki nyembamba, peremende za sukari na maua ya waridi yaliyokatwa kwenye karatasi za rangi. Itazame orodha hiyo kwa jicho la mama mwenye nyumba. Karibu vyote vinaliwa. Tufaha ni tunda linaloweza kukaa ghalani wakati wa baridi bila kuoza, na karatasi ilikuwepo. Waliokuwa wakipamba walinyoosha mkono wakachukua kilichokuwa karibu.

Vinavyometameta vilikuja baadaye. Mipira ya kioo ilivuma katika karne ya 19, na kijiji cha Lauscha huko Ujerumani ndicho kilichojulikana kwa kuipuliza. Waingereza waliupenda mti huo sana baada ya gazeti moja la London kuchapisha, mwaka 1848, picha ya Malkia Victoria na familia yake wameuzunguka. Zile nyuzi za kumeta hapo mwanzo zilikuwa za fedha halisi, iliyofuliwa ikawa nyembamba kama unywele. Baadaye zikawa za risasi, mpaka watu wakaanza kuhofia watoto wanaozitia mdomoni. Ndipo ikaja plastiki. Kwa hiyo anayedai kwamba bila plastiki mti haujatimia anatetea desturi ambayo huenda ni changa kuliko bibi yake.

Sasa uhamishe mantiki ya Strasbourg uilete Isiolo. Ni kitu gani hapa kilicho karibu, kinachokaa bila kuoza, na kinachopendeza macho? Cha kwanza kinachokuja akilini ni koma, tunda la mkoma. Mkoma ni mnazi-mwitu unaogawanyika matawi, unaoota kando ya mto Ewaso Ng'iro na kwenye mabonde ya chini. Waturkana huuita eengol, na majani yake ndiyo yanayosukwa vikapu na mikeka. Tunda lake lina rangi ya kahawia yenye wekundu, linang'aa kama limepakwa mafuta, na linajaa kiganja cha mtoto. Ganda la nje ni tamu, na watoto huliguguna. Ndani yake kuna kokwa ngumu nyeupe inayochongeka kama pembe. Jamaa wa mti huu anayeota Misri na Sudan, Waingereza wamempa jina la mti wa mkate wa tangawizi kwa sababu ya ladha ya ganda lake. Na mkate wa tangawizi ni mojawapo ya mapambo ya zamani ya miti ya Krismasi ya Wajerumani! Unaweza kusema imetokea tu. Hata hivyo, ukiwa na koma kumi mkononi huna haja ya kuomba radhi kwa mtu yeyote.

Kulitundika ni kazi ya dakika moja. Pasha msumari moto, tobosha karibu na kikonyo, pitisha uzi wa mkonge au kipande cha ukili, yaani ule utepe wa majani uliosukwa tayari kwa kushonea mkeka, kisha funga fundo. Usilipake rangi. Ganda la koma limekwisha kupakwa na aliyeliumba.

Kipimo: kingekuwa wapi?

Hapa ndipo sharti linapoingia. Watu wengi hupima uasili wa pambo kwa kuuliza limetoka wapi: porini, basi ni zuri, kiwandani, basi ni baya. Kipimo hicho ni kizembe. Mimi napendekeza swali jingine: kama nisingekichukua, kitu hiki kingekuwa wapi leo? Swali dogo, lakini linachambua mengi.

Chukua ganda la mgunga. Mgunga ni ule mti wa miiba wenye kichwa kipana kama mwavuli, ambao Waborana huuita dhadacha, Wasamburu ltepes na Waturkana ewoi. Maganda yake ya mbegu hujipinda kama maranda ya mbao yanayotoka kwenye randa ya seremala, yakawa na rangi ya manjano hafifu, na ukiyatikisa yanalia. Ukiyafunga matano kwa pamoja unapata kishada ambacho hakuna fundi wa kiwandani angekibuni. Lakini uliza: yangekuwa wapi? Yangekuwa tumboni mwa mbuzi. Maganda haya ni lishe inayotegemewa wakati wa kiangazi, kuna watu huyakusanya na kuyauza, na mwaka wa ukame gunia moja linaweza kuwa ndilo linalomfikisha mbuzi kwenye mvua. Basi si bure. Unayaazima tu. Yachukue machache, uyatundike makavu bila gundi wala rangi ya kupuliza, na Krismasi ikiisha uyarudishe kwa mwenyewe.

Au chukua tawi la mberoshi, mti ambao Wakenya wengi huuita saipresi, au "mti wa Krismasi" bila kuongeza neno. Isiolo huupata kutoka upande wa Meru, kilomita 50 hivi kusini, ambako barabara inapanda kwenye baridi. Kwa rangi yake ya kijani mtu angeapa kwamba ni wa hapa. Asili yake ni Meksiko na Amerika ya Kati. Uliletwa Kenya kwa ajili ya mbao. Tawi lililokatwa wakati wa kupogolea miti ya shambani lina jibu zuri: lingekuwa kuni au lingeoza. Kilele cha mche wa miaka minne kina jibu jingine kabisa, kwa sababu kingekuwa nguzo au mbao ya mtu, na mche uliokatwa kichwa hauwi tena mti ulionyooka. Wauzaji wa barabarani hawatakwambia tofauti hiyo. Litazame shina lilipokatwa: tawi la pembeni hujipinda kidogo na majani yake yameegemea upande mmoja, kilele kimenyooka na kimejaa pande zote. Kinachopendeza zaidi sebuleni ndicho kilichoumiza zaidi shambani.

Mtarakwa ni habari nyingine, nao hufanana na mberoshi kiasi cha kuchanganya. Huu ni wa kwetu, unaota kwenye misitu mikavu ya milimani kama Ngare Ndare upande wa kusini na Marsabit kule kaskazini, na unakua polepole mno. Usiukate. Sina la kuongeza hapo.

Kwa ufupi hadi hapa: mapambo ya kwanza ya mti wa Krismasi yalikuwa vitu vilivyokuwa karibu, vingi vikiwa chakula, na pambo zuri la asili ni lile ambalo mmea umekwisha kuliacha, au ambalo unaweza kulirudisha.

Zawadi mbili kati ya tatu

Kila mwaka watoto huigiza kanisani mamajusi wakileta dhahabu, uvumba na manemane. Dhahabu huwa karatasi ya kumeta iliyofungwa kwenye boksi la dawa ya meno. Uvumba na manemane huwa chupa tupu za mafuta. Kwa Nairobi naelewa. Kwa Isiolo ni ajabu, maana vitu hivyo viwili hutoka kwenye nyika ya kaskazini mwa Kenya, na hupita mikononi mwa wafanyabiashara tunaowasalimia kila siku.

Uvumba, ambao madukani huitwa ubani, ni utomvu mzito unaotoka kwenye gome la mti na kukauka ukawa vidonge. Aina inayopatikana kwetu hutoka kwenye mti ambao Waborana huuita dakara. Manemane, ambayo Wasomali huiita malmal, hutoka kwenye mti mwingine, mfupi na wenye miiba, wa jamii iliyoenea sana katika nchi kame. Wengi huchanganya hivi viwili na gundi ya kikwata, ambayo ni mali ya tatu ya nyika hii. Kuzitofautisha ni rahisi. Tia kipande kwenye maji: gundi ya kikwata huyeyuka, na ndiyo maana viwanda huitumia kwenye peremende na baadhi ya soda, pengine hata ile itakayokuwa mezani kwako siku ya Krismasi. Ubani hauyeyuki hivyo, ila ukiuweka juu ya kaa la moto nyumba nzima inajua.

Ni haki niseme kwamba ubani uliokuwa ukisafirishwa zamani kwenda nchi za Biblia huaminika kuwa ulitoka hasa Arabuni na pwani ya Somalia, kwenye mti ambao ni binamu wa huu wa kwetu. Sidai kwamba mamajusi walipitia Merti. Ninachodai ni kidogo zaidi, na kinatosha: hakuna pambo lililo karibu na hadithi yenyewe ya Krismasi kuliko kipande cha ubani, na Mkristo wa Isiolo anakipata kwa urahisi kuliko Mkristo wa Strasbourg. Halafu kuna kipimo chetu. Katika nchi nyingine miti ya ubani huchanjwa kwa kisu mara kwa mara mpaka inadhoofika. Kaskazini mwa Kenya wakusanyaji, ambao wengi ni wachungaji na akina mama, huokota zaidi utomvu uliojitokea wenyewe pale mdudu au mnyama alipolijeruhi gome. Ni chozi ambalo mti umekwisha kulitoa.

Namna ya kuupamba nao ni kuchagua vidonge vikubwa kiasi cha punje ya hindi, kuviweka vitano sita kwenye kipande cha kitambaa chepesi au kifuko cha nyuzi za mkonge, na kukifunga juu. Kitundike mbali na taa, kwa sababu ubani ukipata joto hulainika na kunata. Mchana wa Isiolo utafanya kazi iliyobaki: jua likipiga dirishani, harufu inakuja yenyewe, hafifu, bila moshi.

Wapo watakaosema ubani ni mambo ya Waislamu, wa kufukizia nyumba na nguo. Ni kweli Waislamu wa Isiolo huutumia. Chetezo cha padre nacho kina nini ndani? Anayeuokota hana haja ya kujua utaishia msikitini, kanisani au kwenye meli.

Mti wa kutundikia

Hadi sasa nimezungumzia mapambo, lakini mti wenyewe ndio mzigo mkubwa. Pendekezo langu ni tawi lililokufa la mgunga. Miiba yake mirefu ni myeupe kama chaki, kiasi kwamba ukilisimamisha tawi kavu mbele ya ukuta wa bluu au wa kijani, linaonekana kama limeangukiwa na ile theluji ambayo watu huinunua kwenye kopo. Tena kila mwiba ni ndoano. Huhitaji waya wala vibanio: kikapu kidogo, koma, kifuko cha ubani, kengele ya mbao ya ngamia, vyote vinashika. Lisimamishe kwenye ndoo ya mchanga, kwa kimo ambacho miiba ya chini haifikii macho ya mtoto, au ikate ile ya chini kwa koleo.

Tawi kavu lina wapangaji. Kabla ya kuliingiza ndani, ligongegonge chini na uliache juani siku mbili, ukichungulia chini ya gome lililobanduka, maana hapo ndipo nge hulala. Ukiona vumbi laini linadondoka kwenye vitundu, tawi hilo lina dumuzi. Lipeleke jikoni moja kwa moja. Na mshumaa wa moto usikaribie mti mkavu kamwe, wa mgunga au wa mberoshi. Taa ndogo za sola zinatosha.

Kama moyo wako hautaki mti mkavu na ni lazima uone kijani, uko mti mmoja ambao unaweza kuukata bila majuto yoyote, nao ni mathenge. Ulianza kupandwa Kenya miaka ya 1970, ukasambazwa katika maeneo kame kwa nia njema ya kuzuia jangwa, kisha ukageuka ukala malisho na kuziba njia za maji, Isiolo ikiwemo. Wakazi wa Baringo waliokasirishwa nao walifikia hatua ya kumpeleka mahakamani Nairobi mbuzi aliyepoteza meno kwa kula maganda yake. Kata tawi la mathenge na hakuna atakayekulaumu. Ila yale maganda yake ya manjano, hata yakipendeza namna gani, yang'oe na kuyachoma hapo hapo ulipolikata. Mbegu moja ikibebwa hadi boma lisilo na mathenge, umepeleka zawadi ambayo haitarudishwa.

Vya kuacha vilipo

Kipimo chetu kina upande mkali. Vitu vifuatavyo ni vya asili kabisa, na havifai:

– Manyoya ya kanga wa porini, ganda la yai la mbuni, miiba ya nungunungu. Sheria ya wanyamapori ya mwaka 2013 inahesabu viungo vya wanyama wa porini, hata unyoya na ganda la yai, kuwa nyara, na kukaa navyo bila kibali ni kosa hata kama uliviokota. Manyoya ya kuku hayana kesi.
– Mbegu za mtipitipi, zile nyekundu zenye doa jeusi, na mbegu za mbarika. Ni nzuri na ni sumu, na mti wa Krismasi ni kitu ambacho watoto huchuma.
– Waridi la jangwani na matawi ya mnyaa. Utomvu wa kwanza ni sumu. Wa pili ukiingia jichoni ni safari ya hospitali.
– Chochote kutoka ndani ya hifadhi za Buffalo Springs na Shaba. Koma lililoanguka humo ni la tembo na nyani.

Shanga nazo? Mikufu ya Kisamburu na ya Kiturkana inapendeza mno kwenye tawi jeupe, na wengi hudhani ni pambo la asili kuliko yote. Kwa kweli shanga nyingi ni za kioo, na sehemu kubwa hutoka Ulaya, hasa nchi ya Wacheki. Ni mila bila kuwa asili. Zitundike tu, kwa kuwa zitarudi shingoni.

Wanaopinga

Pingamizi lenye nguvu kuliko yote ni la hesabu. Mti wa plastiki, watu husema, unanunuliwa mara moja na kutumika miaka kumi. Wewe unatutuma porini kila Desemba. Nakubali nusu. Aliye nao tayari autumie mpaka utengane vipandevipande. Kuutupa ili aonekane mtu wa asili ni kuongeza taka, na wahenga walituonya tusiache mbachao kwa msala upitao. Lakini mti ni hadithi moja na mapambo yake ni nyingine. Nyuzi za kumeta za bei nafuu huanza kupukutika Krismasi ya kwanza. Upepo wa Isiolo huzichukua, na kinachochukuliwa na upepo hapa huishia kwenye ua wa miiba au mdomoni mwa mfugo. Serikali ilipopiga marufuku mifuko ya plastiki tarehe 28 Agosti 2017, mifugo inayokufa kwa kuimeza ilikuwa mojawapo ya sababu zilizotajwa. Nyuzi za kumeta hazimo katika marufuku hiyo, lakini tumbo la mbuzi halisomi gazeti rasmi la serikali.

Pingamizi la pili: kila mtu akienda kuokota, nyika itabaki uchi. Kwa nyumba moja moja sioni hatari. Mkono mmoja wa maganda na koma kumi havimnyimi mtu. Kanisa kubwa au hoteli ni jambo tofauti. Hao wasiokote, wanunue: ubani kwa wanaoukusanya, vikapu vidogo na nyota za ukili kwa akina mama wanaosuka, maganda kwa wanaoyauza kama lishe. Fedha za mapambo ambazo zingepanda basi kwenda Nairobi zitalala Isiolo.

La tatu ni lile la aibu nililoanza nalo, kwamba mti wa miiba unaonekana wa kimaskini. Hili haliondolewi kwa hoja. Linaondolewa kwa kazi safi: mti wa asili uliopambwa ovyo unaonekana ovyo kuliko wa plastiki, kwa sababu hauna mng'ao wa kuficha uvivu. Chagua vitu vitatu tu, uvirudierudie, uache nafasi katikati.

Tarehe 6 Januari

Mapokeo ya Kanisa huiweka sikukuu ya mamajusi tarehe 6 Januari, na nyumba nyingi hushusha mti karibu na siku hiyo. Isiolo shughuli hiyo haichukui hata nusu saa. Maganda ya mgunga yanamwagwa kwenye karai la mbuzi. Makoma wanagawana watoto. Ubani unatolewa kifukoni na kuwekwa juu ya kaa la moto jioni hiyo, kifuko kinasubiri mwaka ujao, na tawi linavunjwavunjwa kuwa kuni za kuchemshia chai.